Jina Kamili la Mchukuzi wa Al Ras

Mahfudha alizaliwa Marseille na wazazi wa Kingazija, akasomea uandishi wa habari, na kwa miaka kumi na miwili amekuwa mtangazaji na mchambuzi wa mambo ya jamii katika televisheni ya Kifaransa. Siku hizi anaripoti kutoka Dubai. Ugomvi wake na wahariri ni mmoja: tajiri akihojiwa, jina na cheo chake huandikwa kwenye skrini, lakini mchukuzi huandikwa "mfanyakazi" tu. Huo ni ubaguzi, na kuzoeleka kwake hakuufanyi kuwa haki.

Mwezi uliopita alimhoji Idd, mchukuzi wa sokoni Al Ras, katika matangazo ya moja kwa moja. Mhariri alikuwa amekwisha kumwambia kwamba jina halina nafasi.

"Kaka Idd, jitambulishe."

"Kwa ufupi, au kama kwetu Tanga?"

"Kama kwenu."

Idd alitua gunia la iliki. "Naitwa Idd bin Mbwana bin Shekue bin Kombo. Huyo Kombo sasa..."

"Yalla, Idd, Wafaransa watasinzia," wenzake walimtania.

Mahfudha alitafsiri yote bila kuruka jina hata moja. Kule Paris neno "mfanyakazi" lilikaa chini ya uso wa mtu anayetaja vizazi vinne, mpaka mhariri akaona haya mwenyewe. Akalifuta na kuandika: Idd Mbwana, mchukuzi.

"Wamemsahau Kombo," Idd alilalamika alipoonyeshwa, huku akicheka.