Bomba Halilali Uchi

Siku yangu ya kwanza kazini, fomeni wa karakana ya mabomba pale Shinyanga mjini alinionyesha jiko kabla ya kunionyesha spana. Nikamwambia chai nitakunywa, kupika sikuja. Wenzangu wakacheka, yeye akanuna, na tangu siku ile nikajulikana kuwa mama mwenye mdomo. Sikatai.

Hata hivyo alinifundisha, tena kazi aliijua. Kwake ndiko nilikojifunza kuvisha mabomba ya maji ya moto. Unachukua sponji ya bomba, ule mrija mweusi uliochanwa ubavuni, unafunika kuanzia kwenye hita mpaka bafuni, kisha unafunga utepe kwenye kila kiungo. Mvivu utamjua kwenye kona, maana elbo, kile kipande kilichopinda, huiacha wazi na joto linatorokea hapohapo. "Bomba halilali uchi," fomeni alizoea kusema.

Baadaye nikahamishiwa Geita, kwenye nyumba za wafanyakazi wa mgodi, nikiwa nimeahidiwa ufomeni wa kambi. Niliutaka ufomeni ule, nisiseme uongo. Safu ya kwanza ya nyumba niliikuta imekwisha, mabomba yamezikwa ukutani bila kuvishwa.

Nyumba ya mwisho ya safu ile alikaa Mama Kulwa, aliyekuwa amejifungua mapacha. Mama yake alitoka Mhunze kuja kumkanda kwa maji ya moto, kama mzazi anavyostahili. Nilimkuta uani akipepea jiko la mkaa, sufuria limejaa maji.

"Shikamoo mama. Bomba la moto limeharibika?"

"Marahaba. Liharibike wapi! Linatoa maji ya kunawia mikono. Ndiyo nimkandie mzazi hayo?"

Niliondoka pale nimewaka kwa hasira. Safu ya pili nikaivisha yote, kona kwa kona. Msimamizi wa mradi akaja, nyuma yake fundi plasta na ndoo yake.

"Mama Masanja, Geita hii na jua lote hili, bomba unalivalisha koti la nini? Vua, tupige plasta."

"Jua haliingii ukutani, bosi. Sivui."

"Basi ufomeni usahau."

Moyo uliniuma kwelikweli. Nikasimama mbele ya ukuta, nikamwambia, "Nimeusahau. Hayavuliwi."

Tulibishana mpaka fundi plasta akachoka kushika ndoo. "Sasa niendelee au nisiendelee?" Nikamjibu mimi, "Endelea, baba." Akaendelea. Msimamizi akageuka akaenda zake, na wiki hiyohiyo nikapelekwa Kagongwa kuchimba mitaro ya maji machafu. Ufomeni sikuupata mpaka nastaafu.

Sasa nakaa Tinde. Nyie vijana mna hita za jua juu ya paa, halafu mabomba mnayaacha wazi kama mifupa, na mkiambiwa mnasema bibi huyu mkorofi. Semeni tu.

Juzi nilikwenda Geita msibani, nikapita safu ya pili. Nikabisha hodi nyumba ya mwisho, nikamwomba mama mwenye nyumba anifungulie bomba la moto. Alinishangaa, lakini akafungua. Nikatia mkono.

"Taratibu, bibi," akapiga kelele, "yanaunguza hayo!"

Nikauacha mkono palepale.