Spoki Kumi na Mbili za Mwalimu

Jumamosi iliyopita tulibomoa jiko la zamani kwa Susu, huku Kangundo, ili tujenge la mawe. Nilipopapasa darini penye masizi, mkono ukagusa spoki za baiskeli zilizofungwa kwa kamba ya katani. Kumi na mbili, ncha zimenolewa. Niliketi vumbini nikacheka, kisha machozi yakanitoka. Binti yangu akaniuliza kulikoni, nikamsimulia kama ninavyokusimulia wewe sasa.

Susu, ndivyo sisi Wakamba tumwitavyo nyanya, alimpangishia chumba cha mbele mwalimu Mjapani aliyekuja kutufundisha hesabu. Nilimpenda sana. Hesabu zilizonitoa jasho alinieleza kwa maharagwe hadi zikaniingia. Lakini mwaka mzima majirani walimwamkia na kupita tu, hakuna aliyeingia kwake. Tukasikia amemwambia mwalimu mkuu kwamba huenda akarudi kwao muhula ukiisha. Nilikosa raha kabisa.

Basi Jumapili moja mwalimu wetu akawaalika majirani wote waje baada ya kanisa. Tangu asubuhi alikuwa amelowesha vipande vya nyama ya ng'ombe katika sosi nyeusi ya soya aliyoinunua Nairobi, pamoja na tangawizi, kitunguu saumu na asali ya mizinga ya Susu. Fundi wa baiskeli akampa spoki za kutungia nyama. Mimi nilipepea makaa kwa kifuniko cha sufuria. Mafuta yakadondoka, asali ikaanza kuungua pembeni, na nakuambia, hata mzee wa kanisa aliyedai ana haraka alivuta kiti. Kando palikuwa na bakuli la kuchovyea: ile sosi nyeusi, limau, ufuta na pilipili nyekundu zilizopondwa bila huruma.

"Karibuni! Kuleni!" Mwalimu akainama, akasimama kando.

Hakuna aliyegusa. Kwetu mwenye chakula huonja kwanza, mgeni ajue ni salama. Kwao, kumbe, mwenye chakula hungoja mgeni aanze, la sivyo amekosa adabu. Basi sisi tukamngoja yeye, naye akatungoja sisi, mafuta yakaanza kuganda kwenye nyama. Jirani mmoja akanong'ona, "Mbona mwenyewe hakuli? Na hiyo kitu nyeusi ni nini?" Mwalimu alisikia. Akageukia mlango wa chumba chake, nikajua huyu kesho anafunga sanduku.

Susu akainuka. Akachukua spoki mbili, akazichovya zote mbili, moja akampa mwalimu.

"Mwalimu, huku mwenye kupika ndiye anaonja kwanza."

"Kwetu mgeni kwanza, Susu. Mimi nangoja nyinyi."

"Ai! Kumbe ni hivyo? Basi tuonje pamoja, mwana wakwa, mwanangu. Moja, mbili, tatu!"

Wakauma. Pilipili ikamshika Susu hadi kitambaa kikamtoka kichwani. "Uui! Hii ni moto!" akapiga kelele, na huku mkono umeshafika kwenye spoki nyingine. Watu wakacheka, wakasogea, na jua halijashuka nyama ilikuwa imekwisha. Mwalimu akakaa nasi miaka mitatu zaidi. Alipoondoka alimwachia Susu spoki zake.

Sasa Susu hayupo. Fundi wa baiskeli naye alitutoka, na barua za mwalimu zilikoma zamani. Lile jiko lenyewe limebaki rundo la udongo. Lakini sosi ya soya siku hizi unaipata hata sokoni Masii, na asali bado tunayo. Kwa hiyo nilizisugua spoki kwa mchanga, nikazipitisha motoni, nikawachomea nyama mafundi walionisaidia kubomoa.

Wakaketi, macho kwangu, wakingoja nionje. Nilikuwa nanyoosha mkono binti yangu aliponitangulia. Akachovya spoki mbili, moja akampa fundi mkubwa, nyingine akanipa mimi.

"Haya, mama," akasema. "Moja, mbili..."