Ufunguo Niliompa Mzee wa Darajani

Mimi si mtu wa kuzua. Ningekuwa wa kuzua, ningezua kisa cha kunipa sifa, si hiki cha kuniaibisha. Yalinikuta hapa hapa London, alasiri moja ya baridi na ukungu.

Kazini tunatunza daraja la reli la enzi za Malkia Viktoria. Treni hazipiti tena, lakini chuma bado kizima: daraja lote limekaa juu ya mhimili mmoja wenye duara la magurudumu, na hugeuka kando kama mlango ili meli ipite. Bila ufunguo wa shaba halisogei. Kwa hiyo mtu akiwa shimoni, chini ya daraja, anapaka magurudumu grisi, ufunguo haumtoki mwenzake mfukoni. Siku hiyo shimoni alikuwa Haji, mume wa dada yangu.

"Shemeji, key unayo?" aliniuliza kutoka chini.

"Ninayo bwana, wewe paka grisi."

Mara akatokea mzee wa Kizungu, koti zito jeusi, viganja vimejaa grisi. Ulimi ukaniponyoka: "Shikamoo." Nikajicheka mwenyewe.

"Marahaba," akajibu.

Niamini, alilitamka kama babu yangu wa Wete. Kisha akanyoosha mkono. Wewe uliyelelewa usimfanye mzee aombe mara mbili, ungefanyaje? Nilimpa ufunguo kwa mikono miwili, kichwa nimekiinamisha. Nilipoinua macho, hapakuwa na mtu.

Ndipo daraja likasogea. Umeme tulikuwa tumeuzima tangu asubuhi, wallahi! Lilikwenda kimya, shubiri moja tu, likasimama. Kelele niliyoisikia ilikuwa ya Haji.

Ufunguo ulikutwa ndani ya kibanda cha zamani cha mwendesha daraja, umetundikwa msumarini. Kufuli ya mlango ilikuwa imeganda kwa kutu, ikabidi ivunjwe. Hata hivyo wakubwa wa kazi waliandika kwamba niliusahau huko. Nimsimulie nani, anielewe?

Haji hanilaumu. "Kadari, shemeji," husema, na hapo ndipo anaponimaliza. Kila Jumapili nakula kwao Ilford. Dada huweka sinia la wali, naye Haji ananawa mkono wa kushoto, kwa sababu wa kulia hana.

Waheshimu wazee, sikukatazi. Lakini mwenzio akiwa chini, na maisha yake yamo mfukoni mwako, anayenyoosha mkono mwache aunyooshe mpaka achoke.