Msiba Niliotoka Nao Senema

Wenzangu, mie ndiye niliyekuwa nikiwaambia wanawake wa darasa letu la jioni hapa Temeke kwamba senema ni upotevu. Basi Jumatano, siku ya wanawake peke yao, wifi yangu Mwanahawa akanivuta. "Twende mara moja tu, wifi, hutakufa!"

Lo, picha ya Kihindi ile! Mama mjane kasomesha wanawe kwa kufua nguo za watu. Mkubwa kaoa kwa matajiri, kamfukuza mamaye. Mdogo akambeba mgongoni mpaka mama akamkatia roho njiani. Nililia buibui likalowa! Nikatoka nalia, nikafika nyumbani nalia.

Majirani wakanipokea. "Msiba, shoga?" Mwanahawa keshaishia kwake, na mie kutaja senema naona haya, nikaitikia kwa kichwa.

Hee! Punde mikeka imetandikwa, wanawake wamejaa, wanalia kunishinda. Moyoni nasema sasa nawaambia, mdomo haufunguki. Mume wangu kafuatwa kazini bandarini, kaja mbio na wanaume wa msikitini, tayari kwenda kuzika.

Shehe akasimama mlangoni. "Pole, mama. Marehemu anazikwa wapi?"

Kumdanganya shehe siwezi, hata mnichinje.

"Hazikwi, shehe," nikasema. "Wameshamchoma moto, na nyimbo wakaimba."

Kilio kikakatika chumba kizima. Mume wangu akavua kofia taratibu, akanitazama.

"Mama Zuberi," akasema, "umekwenda senema?"