Moshi Juu ya Kisale

Mama Béthanie alizaliwa Kinkondja, kwenye ziwa Kisale, akaolewa hapa Kamina na karani wa kanisa la Wametodisti. Karani alikufa, Mama akabaki na shamba lake ng'ambo ya mto. Kila mwaka alipanda lori kwenda kumuona mama yake mzazi, akarudi akinuka samaki mkavu, na uso umenawiri. Halafu vita vya mwaka wa tisini na nane vikafunga barabara. Mwaka mzima ukapita bila habari ya mama yake.

Mwezi wa nane alienda kufagia shule ya kanisa. Nilikuwa nimeketi mlangoni, ninapumzisha miguu. Ukutani kulikuwa na kalenda ya zamani, imefunguliwa mwezi huohuo wa nane, na picha ya dunia nzima iliyopigwa kutoka juu kabisa, kule wanakoenda na roketi. Mama akasimama na fagio mkononi.

"Mwalimu Ambroise, siye tuko wapi?"

Mwalimu akaweka kidole. "Afrika njo hii. Siye hapa."

"Na Kisale?"

"Karibu na hapa. Chini ya hii nyeupe."

"Yo! Tumeifunika na moshi!"

"Hapana, Mama. Ni mawingu."

"Mwezi wa munane? Mawingu inatoka wapi?"

Mwalimu akacheka, akaeleza kwamba picha ilipigwa mwezi mwingine. Mama alisikia, lakini macho yake hayakutoka pale.

"Dunia yote iko kadogo hivi," akasema, "na siye tunachoma."

Maana huku kwetu, wakati wa kiangazi, kama mwezi huo wa nane, wenye mashamba huwasha majani siku moja, kisha husimama na fimbo kungojea panya wa pori wanaokimbia moto, wawaue kwa kitoweo. Mwaka ule Mama Béthanie hakuwasha; alishika jembe, akalima njia tupu kuzunguka majani yake, moto usipite.

Jirani yake Gaston akamtania: "Mama, panya yako ilishabatizwa?"

"Kesho. Ulete matoleo."

Watu wakacheka. Yeye akaongeza: "Mama yangu iko chini ya hii moshi."

"Si Mwalimu alisema ni mawingu?"

"Basi nionyeshe wingu moja."

Gaston akainua kichwa. Akatafuta huku na huku, asilione. Lakini moto ulikuwa umekwisha kuwashwa.

Jioni, panya walipoiva, Gaston akamwita, "Mama, kuya tukule."

"Nakuya. Acha kwanza moshi ipite."

Akabaki amesimama, moshi wa wenzake ukienda polepole upande wa Kisale.