Mgagani wa zambarau wa Kasigau, na jirani aliyeutunza kupita kiasi

Wakuu, habari zenu.

Mimi ni mwalimu mstaafu, mzaliwa wa Voi, na leo nimechokozwa. Haya nitakayoandika niliyaona mwenyewe au niliambiwa na mama yangu mzazi. Nikiongeza chumvi, watu wa Voi mko humu, nisuteni.

Aliyenichokoza ni kijana aliyeweka picha juzi akiuliza kama spider plant inapikwa na maziwa au bila. Picha yenyewe ni ya lile ua la kwenye kopo, majani membamba marefu yenye mstari mweupe, vitoto vyake vinaning'inia pembeni.

Kijana, hilo ni pambo la barazani. Usilipike tafadhali.

Mboga ni mgagani. Jani lake limegawanyika kama vidole vitano, shina lina vinyweleo vinavyonata, na harufu yake unaisikia kabla hujaushika. Maua yake yana nyuzi ndefu zinazochomoza kama miguu ya buibui, ndiyo maana Mzungu akauita hivyo. Kwa ukoo uko karibu na sukuma wiki kuliko na hilo pambo lako. Kuna na wa tatu, wa bustani za watu wenye nafasi, maua ya pinki, unafanana sana na mgagani lakini una miiba. Huo nao uache.

Sasa mgagani wenyewe si wa aina moja. Upo wa shina la kijani, ndio umejaa sokoni. Na upo wa shina la zambarau. Huo wa zambarau ndio umenitoa usingizini niandike uzi huu.

Ilikuwa miaka ya sabini. Baba alifanya kazi ya reli, na tuliishi kwenye nyumba za wafanyakazi pale Voi. Mama kwao ni Kasigau. Bibi, mama yake mama, alikuwa na mgagani wake wa zambarau ambao mama aliapa kwamba hauna uchungu mwingi na unavumilia jua letu.

Bibi alipofariki, ndovu walikuwa wameshamaliza shamba lake. Wajomba walichoka kukesha wakipiga madebe, wakaacha kulima. Kilichobaki ni mbegu kidogo tu. Mama alizifunga kwenye pembe ya leso, akaja nazo Voi, akazipanda zote nyuma ya nyumba kwa sababu mvua ilikuwa nzuri.

Ukuta kwa ukuta na sisi alikaa Mama Mutua, Mkamba wa upande wa Kibwezi. Mume wake naye alikuwa wa reli. Hawa wanawake wawili walikuwa pete na kidole. Walisukana nywele, waliazimana chumvi, na wakigombana na waume zao walijua mlango wa kugonga.

Basi ikafika mimi nikajifungua mtoto wa kwanza. Nilikuwa nimeolewa Mata, upande wa Taveta, nikifundisha huko. Mama akaja kunikalia uzazi kama ilivyo desturi. Bustani akamwachia jirani.

"Nitakuangalilia, Mama Mghoi, wewe enda tu ulee mjukuu," Mama Mutua alimwambia.

Na aliangalia kwelikweli.

Hapa nisimame kidogo kwa wasiolima. Mgagani ukishatoa maua, majani yanakuwa madogo na makali. Kwa hiyo mwanamke anayejua kazi huyakata maua kila yanapochomoza, ili mboga iendelee. Kwetu wakati huo, mgagani kuchanua nyuma ya nyumba yako ilikuwa aibu kama kulala na vyombo vichafu.

Lakini kwa kina bibi, mstari wa mwisho karibu na fensi haukuguswa. Huo ulikuwa wa mbegu. Mama alikua akiona hivyo, hata hakufikiria kwamba ni kitu cha kuelezwa. Kwa kina Mama Mutua nao, mbegu huachwa shamba la mbali katikati ya mahindi. Wa nyuma ya nyumba ni wa kula, wote.

Basi yeye akakata maua, mstari kwa mstari, hadi fensi. Alimwagilia kwa maji ya kubeba, maana mifereji ya Voi mnaijua ilivyo mikavu. Mimea ilipozeeka, akaing'oa yote, akalima, akamwaga na samadi ya mbuzi ili rafiki yake akirudi apande tu.

Mama alirudi akakuta udongo mweusi, laini, msafi.

Alisema asante. Akaingia ndani, akafunga mlango.

Alikuja kunisimulia mwaka uliofuata. Nikamuuliza, si ungemwambia tu? Akanijibu, "Nimwambie nini, Mghoi? Kwamba amenilimia vizuri sana?" Akanikataza kulitaja jambo lile kwa mtu yeyote.

Alijaribu kutafuta mbegu Kasigau, hakupata. Kuhusu Mama Mutua, hawakugombana hata siku moja. Salamu ziliendelea. Ila mama aliacha kumwita kupitia fensi, na akiitwa chai alikuwa ametoka kunywa sasa hivi. Jirani alileta maembe, alileta ndengu kutoka kwao, akapata asante ileile. Mume wake alipohamishwa, waliagana kwa mkono kama watu waliokutana stesheni.

Wakuu, miaka ya themanini mama alifariki. Tulimzika mchana wa jua kali, na katika watu waliokuja nikamwona Mama Mutua, amezeeka, ametoka mbali kwa basi. Baada ya mazishi akaketi karibu nami.

"Mghoi, nataka kukuuliza na usinifiche. Mama yako nilimkosea nini?"

Mama hakuwepo tena wa kunikataza. Nikamwambia yote.

Mama Mutua akasema polepole, "Lakini hiyo zambarau mimi nilikuwa nayo."

Sikumwelewa. Akanieleza kwamba alipong'oa ile mimea alikuta vifuko vichache vya mbegu vilivyojificha chini ya majani. Aliona ni mboga tamu, akamtumia dada yake Kibwezi.

"Alipanda hadi akagawia majirani. Miaka mingi! Angeniambia neno moja tu, ningemletea na debe. Sasa dada mwenyewe hayuko, na lile shamba liliuzwa."

Akainuka, akajifunga leso vizuri, akarudi kaburini peke yake. Nilimwona akiongea pale kwa Kikamba muda mrefu. Sikwenda kumsikiliza.

Hadi leo urafiki ule unaniuma, kuliko hata ile mbegu. Wote wawili hawakuwa na ubaya. Nilichojifunza ni kwamba mtu akikuharibia kwa nia njema, mwambie hata kama ulimi ni mzito. Asante ya mdomoni huku moyo umefunga mlango ni adhabu, na anayeadhibiwa hajui kosa lake.

Wa Kibwezi mliomo humu, nani ana mgagani wa zambarau kwao? Na wewe mwenye jirani aliyekupoea ghafla usijue kwa nini, ulishawahi kumuuliza? Karibuni, nasoma zote.