Filamu ya Baba Iliyotiwa Motoni

Harufu ya kafuri, ile ya kuzikia maiti, ndiyo iliyotangulia. Halafu moto mweupe ukafoka kutoka kwenye meko ya makaa, sebuleni kwetu Sparkhill, mchana wa Jumamosi, ukaruka juu ya zulia na kushika pazia. Nilikuwa na miaka tisa. Nilikuwa nimeingiza mkono wa kulia mekoni kuivuta filamu iliyokuwa imeanza kujikunja, na nilipoutoa sikuutambua kuwa ni mkono wangu. Aliyeitia filamu ile motoni ni Ami Sefu, mdogo wake baba. Naandika jina lake wazi kwa sababu jamaa zetu wote hapa Birmingham wanaambiwa mpaka leo kwamba mimi nilichezea kiberiti.

Filamu ilikuwa ya baba. Ujanani mwake Unguja, sinema zilikuwa hazina sauti na maandishi yake yalikuwa ya Kizungu, basi mwenye jumba la sinema alimwajiri baba asimame kando ya pazia la picha, awasemee watu wa kwenye picha kwa Kiswahili. Sauti zilipoingia, kazi ikafa. Yule bwana akamwachia filamu moja, makopo matano, na mashine ya kuonyeshea, ya kuzungusha kwa mkono. Baba alikuja navyo Uingereza badala ya nguo za baridi, na mama hakuchoka kumsuta kwa hilo. Hapa akapata kazi ya kumimina chuma kiwandani Aston, ambako walimwita jina walilojitungia wenyewe, naye akaitika. Siku sita alikuwa bubu. Jumapili, baridi yote ile ya mwisho wa miaka ya sitini, alitundika shuka ukutani akawa mtu tena.

Picha yenyewe ilikuwa ya mapenzi na vichekesho. Muoka mikate anampenda mpiga pasi, ulimi hauna ujasiri, basi anamfichia barua ndani ya mkate. Mpiga pasi hali mkate, humpa mbuzi wa jirani, na mbuzi ndiye anayeanza kumfuata muoka mikate kila aendako. Baba aliwaita Mansuri na Rehema. Huku anazungusha mashine, alilia kwa sauti nyembamba, "Rehema wee, barua ya saba hii!" Mbuzi akajibu kwa besi, "Nimeisoma. Mwandiko mbaya." Mama alicheka mpaka kanga ikamvuka. "Basi huyo mbuzi amsomee Rehema, tulale!" Kila Jumapili mbuzi alikuwa na jibu jipya. Sijawahi kumsikia baba akisema maneno mengi hivyo mahali pengine popote.

Ami Sefu alikuwa anautaka uongozi wa jumuiya yetu, na maulidi yalipangwa yasomwe kwetu. Jumamosi ile baba alikuwa zamu. Sefu akaja kutayarisha chumba, akayaona makopo.

"Shemeji, malaika hawaingii nyumba yenye mapicha ya watu wanaobusiana."

"Mwenyewe hayupo, Sefu."

"Kaka niachie mimi."

Mama akatazama pembeni, akarudi kuchagua mchele. Naye namtaja, Mungu amrehemu. Sefu alidhani filamu ni kama karatasi kuukuu tulizozoea kuzichoma mekoni. Hakujua kwamba filamu za zamani zinawaka kuliko petroli. Ujinga huo nimeshausamehe, hata mimi sikujua.

Nisichosamehe ni cha hospitali. Baba alikuwa hajafika, na kati ya wakubwa waliokuwapo Sefu ndiye aliyekijua Kiingereza, naye akamwambia muuguzi kuwa mtoto kachezea kiberiti. Baba alipofika na mavumbi ya kiwandani akaambiwa hivyo hivyo, mama akaitikia kwa kichwa. Baba akakaa kando ya kitanda. "Kwa nini, mwanangu?" Nikamwambia, "Si mimi, Baba." Akamtazama Sefu. Sefu akatazama viatu vyake. Baba hakuniuliza tena, na shuka halikutundikwa tena. Miaka minne baadaye tukamzika. Mimi nilikaa wodini miezi, nikarudi shule na mkono usioshika kalamu, wakaniweka nyuma nipake picha rangi, mwisho nikaacha shule. Haya naandika kwa kushoto.

Siku hizi wanangu wanatazama picha yoyote waitakayo, wamelala kitandani. Ya Mansuri hawaipati. Niliuliza kwa watu wanaohifadhi filamu za kale, mama mmoja akapekua orodha zake, akasema hajui nakala nyingine iliyosalia popote. Aliniuliza iliishaje. Nilimwambia walioana, lakini maneno ya baba sikuweza kumpa.

Ami Sefu yu hai, miaka tisini na kitu, anakaa safu ya mbele msikitini, vijana wanambusu mkono. Ami, filamu siidai, hairudi. Nataka usimame mbele ya watu haohao useme nani aliitia motoni. Na mimi unijibu hili moja: ulimsikiaje kaka yako akiniuliza mimi, mtoto wa miaka tisa, "kwa nini", ukanyamaza?